Mwaka 1807 haukumaliza utumwa

Makala inasema kwamba utumwa wa Afrika Magharibi ulikoma Uingereza ilipopiga marufuku biashara ya watumwa mwaka 1807. Hapo natofautiana na mwandishi. Sheria ile iliwakataza Waingereza kununua na kusafirisha watumwa, lakini haikugusa utumwa wenyewe, na meli za Wareno na Wabrazili ziliendelea kupakia watu katika bandari ya Ouidah kwa miongo kadhaa. Mfalme Ghezo wa Dahomey, ufalme uliokuwa na bandari hiyo na ambao leo umo ndani ya Benin, alitia saini mkataba wa kuacha kuuza watumwa mwaka 1852 tu, tena baada ya manowari za Uingereza kuifungia pwani yake. Lililopitwa kimya ni mawese. Viwanda vya Ulaya vilipoyahitaji kwa sabuni na kulainishia mitambo, wakubwa wa Dahomey waliwabakiza mateka wengi mashambani wachume chikichi, wakamue na kubeba mafuta hadi pwani, hivyo biashara iliyoitwa halali (neno la ajabu hapa) ikasimama juu ya jasho la watumwa. Hata katika koloni lao la Gold Coast, Ghana ya leo, Waingereza waliharamisha utumwa wenyewe mwaka 1874 tu.