Parole na kesi za unga: mlango umefungiwa nani?

Kwa Tanzania, mfungwa anayetaka kutoka kwa parole, yaani kuachiwa mapema kwa masharti, huangaliwa kwanza kosa lililomfunga. Sheria ya Bodi za Parole ya 1994, pamoja na marekebisho yake, inataka awe amehukumiwa miaka minne au zaidi, awe ametumikia theluthi ya kifungo na awe na tabia njema. Halafu inakuja orodha ya wasiohusika, wakiwemo waliofungwa maisha, wa unyang'anyi wa kutumia silaha na wa dawa za kulevya. Hata misamaha ya Rais ya sikukuu za kitaifa kwa kawaida huwaruka watu wa dawa.

Wanaotetea zuio hili wana sababu, na mimi nimeiona kwa macho. Mtaani kwetu, Temeke, kulikuwa na kijana aliyeshikwa na arosto, yale mateso ya kukosa unga, akaingia jikoni kwa mama yake, akamwaga maharage yaliyokuwa motoni na kuondoka na sufuria. Tangu siku ile mama alipika ndani, mlango ukiwa umefungwa kwa komeo. Mzazi huyo ukimwambia kwamba aliyekuwa akimuuzia mwanawe kete za unga atatoka baada ya theluthi tu ya kifungo, atakusikiliza kwa uchungu gani?

Hoja nzito zaidi ni ya pesa. Parole inategemea ripoti: ya gereza, ya huko mfungwa anakokwenda kuishi. Mwenye mtandao wa unga ana uwezo wa kununua ripoti. Tena gerezani mwenye pesa huonekana mwema bila taabu. Hagombanii sabuni, haibi, hana sababu ya kumkosea askari. Bodi itaisomaje tabia ya mtu wa namna hiyo?

Sasa tutazame zuio linamkamata nani hasa. Sheria ya Kudhibiti na Kupambana na Dawa za Kulevya ya 2015, kama ilivyorekebishwa 2017, inampa msafirishaji wa mzigo mkubwa kifungo cha maisha. Aliyekamatwa na mzigo ulio chini ya kiwango kilichowekwa anapata miaka 30. Aliyefungwa maisha tayari hana parole, awe wa unga au wa kosa lingine lolote. Kwa hiyo kipengele cha dawa za kulevya hakimwongezei papa chochote. Kinachobaki ni kumbana dagaa wa miaka 30: kijana wa bodaboda aliyekutwa na kiroba cha bangi, au mama aliyelipwa nauli na pesa kidogo apande basi na begi la mtu.

Haki itendeke kwa upande wa pili pia. Wapo waliobeba mizigo mikubwa wakahukumiwa kwa sheria ya zamani ya 1995, wakapewa miaka ya kuhesabika badala ya maisha. Ukifuta zuio lote kwa mkupuo, hao nao wanapita. Ndiyo maana siungi mkono kulifuta. Naunga mkono lipimwe kwa mzigo na nafasi ya mtu katika biashara, mambo ambayo tayari yamo kwenye hukumu na wala hayategemei ripoti ya kununuliwa.

Linganisha na aliyeua bila kukusudia, akafungwa miaka 15. Huyo baada ya miaka 5 faili lake linaweza kujadiliwa, ingawa kuna familia iliyozika. Yule mama wa begi angefikisha theluthi yake baada ya miaka 10. Kama alikuwa na mtoto wa darasa la kwanza, mtoto huyo sasa ni kijana wa miaka 17, na bado hakuna bodi inayoruhusiwa hata kusoma jina la mama yake.

Kwa wale waliouza kete ili wapate za kuvuta wenyewe, kuna njia ya kuwasimamia ambayo miaka ya 1990 haikuwepo. Kliniki ya methadoni, dawa ya kunywa inayopewa waraibu wa heroini badala ya unga, ilianza Muhimbili 2011, na sasa huduma imefika mikoa mingine. Kwa kawaida mgonjwa huenda kila siku, hunywa dozi yake mbele ya mhudumu, na jina lake huandikwa. Asipofika leo, inajulikana leo. Bodi ingeweza kuliweka hilo kuwa sharti la kwanza la parole.