Ted Lewis: tumebakiwa na nusu mbovu

Wapenzi wa sinema za kale wakiitaja Is Everybody Happy? ya 1929 hujifariji kwamba, ingawa picha zake zimepotea, angalau sauti ipo. Faraja hiyo hainiingii. Kama ilikuwa lazima nusu moja ipotee, basi ingepotea sauti.

Filamu hiyo ya Warner Bros. iliongozwa na Archie Mayo, na nyota wake alikuwa Ted Lewis, kiongozi wa bendi ya jazz aliyevuma sana Marekani. Ilitumia mtambo wa Vitaphone. Sauti haikukaa kwenye mkanda bali kwenye santuri ya inchi 16, iliyopigwa sambamba na projekta, moja kwa kila kipande cha dakika 11 hivi. Sindano ilianzia ndani ikaenda nje. Lebo ilikuwa na visanduku vya kutia alama kila santuri ilipopigwa, maana ikifika mara 20 hivi ilishachoka. Kwa hiyo picha na sauti ziliishi mbalimbali, zikafa mbalimbali. Mkanda wa naitreti, unaooza na kuwaka upesi, umepotea, santuri zikabaki.

Haya, msikilize Lewis sasa. Klarineti yake inalia kama mbuzi aliyesahauliwa juani. Kuimba kwenyewe haimbi, anaongea juu ya muziki. Benny Goodman, alipokuwa mtoto Chicago, alianza kupanda jukwaani kwa kumwigiza Lewis. Baadaye akawa bingwa wa klarineti ambaye Lewis hakumfikia hata kidogo.

Utamu wa Lewis ulikuwa mwilini: kofia ndefu iliyopondeka, anaiviringisha mkononi mpaka inatua kiganjani, fimbo, kisha anawageukia watu na kuwauliza kama kila mtu ana furaha. Santuri itabebaje kofia? (Sisi wa Western Jazz na Morogoro Jazz, bendi za dansi za Tanzania, tungemwita mtu wa shoo, na kiingilio tungelipa.)

Nitaambiwa yumo kwenye filamu ya Hold That Ghost ya 1941. Yumo, na kofia yake, ila ana miaka 51 na amepewa dakika chache katikati ya vichekesho vya Abbott na Costello. Mimi namtaka yule wa miaka 39, filamu nzima ikiwa yake. Na mtu akikuambia ameiona Is Everybody Happy?, muulize ya mwaka gani: Columbia walitoa nyingine ya jina hilohilo mwaka 1943, Lewis huyohuyo ndani yake.