Waviking walikuwa na sheria ya chombo, na haikuanzia kwa mfalme

Sheria ya kale ya Iceland, kisiwa kilichokaliwa na Waviking, mabaharia wa kaskazini mwa Ulaya, ile ijulikanayo kwa jina la Grágás, ina kipimo ambacho fundi yeyote wa majahazi angekielewa bila mkalimani. Chombo kikishapakiwa, ubavu wake unapimwa pale katikati, toka chini hadi ukingoni, na kimo hicho kinagawanywa mara tano. Sehemu tatu zinaruhusiwa kuzama. Mbili lazima zibaki juu ya maji. Zikipungua hapo, chombo kimezidiwa na shehena, hata kama nahodha anaapa kwamba kinaelea vizuri tu.

Kipimo hiki kimenikaa kichwani kwa sababu ya mwaka mmoja, 1876. Mwaka huo Bunge la Uingereza, nchi iliyokuwa ikitamba katika bahari zote, lilipitisha sheria ya kuwalazimisha wenye meli wachore ubavuni alama ya mwisho wa mzigo. Mbunge Samuel Plimsoll alikuwa amepiga kelele kwa miaka kuhusu meli chakavu zilizojazwa kupita kiasi, zikizama na mabaharia huku wenye meli wakilipwa bima. Na bado sheria ile ilimwachia mwenye meli uhuru wa kuchagua alama aichore wapi! Uhuru huo haukuondolewa hadi 1890. Mwaka huohuo wa 1876, mjini Bayreuth, Ujerumani, opera za mtunzi Wagner zilipanda jukwaani, na mbunifu wa mavazi Carl Emil Doepler akawavika mashujaa wa kaskazini kofia za chuma zenye pembe. Kwa hiyo mwaka mmoja ulituletea alama ya mzigo, ambayo watu wa kaskazini walikuwa na ya kwao tangu zama za kati, na pembe, ambazo hawakuwa nazo. Sisi tukashika pembe.

Uporaji wao siusafishi. Uvamizi wa Lindisfarne, monasteri ya Uingereza, mwaka 793 ulitokea, na mwingine mingi baada yake. Ninachogombana nacho ni picha ya maisha ndani ya chombo chenyewe, kwamba mle nguvu ndiyo ilikuwa sheria, na mwenye shoka kubwa ndiye nahodha.

Hesabu ndogo inaitia shaka picha hiyo. Mwaka 1962, katika ghuba ya Roskilde huko Denmark, wataalamu walifukua vyombo vitano vilivyozamishwa makusudi karne ya 11 ili kuziba njia ya kuingilia mjini. Kimoja wakakiita Skuldelev 1. Ni chombo cha biashara cha mita 16 hivi, kilichoundwa magharibi mwa Norwei karibu na mwaka 1030, na uwezo wake ulikuwa kama tani 24. Mabaharia wake walikuwa sita hadi wanane. Sasa mweke nahodha mkatili juu ya chombo hicho, wiki ya pili baharini, pepo kali, ngama imejaa maji. Hana askari, hana mahabusu, na hana hata mtu mmoja wa akiba. Wakigoma wawili, tanga halishuki. Nahodha wa namna hiyo anahitaji ridhaa ya wenzake kabla ya kung'oa nanga, na ridhaa hiyo inahitaji masharti ambayo kila mmoja anayajua.

Masharti hayo yalikuwa na jina. Waliyaita félag. Fé ni mali, na sehemu ya pili ya neno inatokana na kuweka chini: mali iliyowekwa pamoja. Kwa Kiswahili tunalo neno linalokaa vizuri kabisa hapo, ubia. Aliyeingia katika félag aliitwa félagi, mbia, na neno hili halikuletwa na makarani wa karne za baadaye. Limechongwa kwenye mawe na watu wa zama zenyewe. Huko Hedeby, bandari kubwa ya biashara ya Wadenmark, Thorulf alisimamisha jiwe la kumkumbuka Erik, mbia wake, aliyeuawa mji ulipozingirwa. Jiwe linasema Erik alikuwa mtu wa usukani, tena mtu mwema sana. Huko Aarhus watu watatu, Tosti, Hofi na Freybjorn, walisimamisha la kwao kwa ajili ya Assur Saxi, mbia wao. Wakamsifu kwa heshima yake, kisha wakaongeza jambo ambalo sisi tungeliacha ofisini kwa wakili: alimiliki chombo pamoja na Arni.

Fikiria gharama ya kuchonga herufi kwenye jiwe gumu. Hawa watu wangeweza kutaja vita, dhahabu, idadi ya aliowaua. Walichotaka wapita njia wajue ni kwamba marehemu alikuwa na hisa, na mwenzake katika hisa hiyo ni fulani. Mimi naliona jiwe lile kama hati. Wengine wataliona kama sifa tu, na sina la kuwazuia.

Wanaopinga hoja hii wana silaha nzuri, na iliyo kali kuliko nyingi ni tarehe. Enzi ya Waviking kwa kawaida hufungwa mwaka 1066. Nakala kuu za Grágás tulizonazo ni za nusu ya pili ya karne ya 13. Sheria ya miji ya mfalme Magnus wa Norwei, ambayo ina sehemu nzima ya wasafiri wa baharini, ni ya 1276. Humo ndimo tunasoma kwamba chombo kinachofaa bahari ni kile kisichohitaji kukumbwa maji zaidi ya mara tatu kwa dœgr mbili, na dœgr kwa kawaida huhesabiwa nusu ya siku. Humo pia tunasoma kwamba shehena ikitoswa ili kuokoa chombo, hasara haibebwi na aliyetoswa mali peke yake, bali wenye mali wote hugawana kwa kadiri ya walichopakia. Mpinzani atasema: huyo ni mfalme Mkristo mwenye makarani wasomi, na kanuni ya kugawana hasara ilijulikana katika bahari ya Mediterania zaidi ya miaka elfu moja kabla yake. Viking yuko wapi hapo?

Ni swali la haki. Jibu langu ni nusu jibu. Baraza kuu la Iceland, Althing, lilianza karibu na mwaka 930, na kwa vizazi vingi sheria ilikaa kichwani mwa mtu mmoja, msemaji wa sheria, aliyetakiwa kuisoma kwa sauti mbele ya watu, theluthi moja kila kiangazi, hadi imalizike kwa miaka mitatu. Uamuzi wa kuiandika ulifanywa mwaka 1117, na kazi ikafanyika majira ya baridi yaliyofuata nyumbani kwa chifu Hafliði Másson. Kichwa cha mtu kinasahau, tena kinarekebisha. Inawezekana kabisa ile sehemu mbili kwa tano iliongezwa na mzee mmoja mwerevu wa karne ya 12. Lakini angalia umbo la kanuni zenyewe. Kukumba maji mara tatu, kugawa ubavu mara tano: hivi ni vipimo vya mtu asiye na kalamu, anayepima kwa kamba na kuhesabu kwa vidole. Karani angeandika kwa namna nyingine.

Tena tunao mkataba wa 911 kati ya Rus, watu wa kaskazini waliokuwa wakishuka mito hadi Bahari Nyeusi, na mfalme wa Constantinople, mji ambao leo ni Istanbul. Nakala yake imehifadhiwa katika tarikh ya Kiev ya karne ya 12, na majina ya wajumbe, kina Karl, Farulf na Vermund, yanatuambia wametoka wapi. Mkataba unaagiza kwamba chombo kikitupwa na dhoruba kwenye pwani ya ugenini na Rus akawa karibu, akisaidie, akipeleke hadi pahali pa usalama pamoja na shehena yake. Rus akifa ugenini bila wosia na bila ndugu pale, mali yake irudishwe kwa jamaa zake. Hawa ndio walewale ambao tumefundishwa kwamba chombo kilichokwama kwao kilikuwa riziki!

Ukiendelea kusoma mkataba huohuo, hata hivyo, unakuta vifungu vya kurudisha watumwa walioibwa au kutoroka. Hapa ndipo ninapowapa wapinzani wangu nafasi yao yote. Kumbukumbu za Ireland zinasema mwaka 871 Olaf na Ivar, wafalme Waviking wa Dublin, walirudi Dublin kutoka Scotland na vyombo 200, vikiwa na mateka wengi, Waangle, Wabriton na Wapicti, watu wa kisiwa cha Britania. Mateka wale hawakuwa wabia wa mtu. Kwao sehemu mbili kwa tano zilizobaki juu ya maji hazikuwa haki yao. Zililinda thamani ya mzigo, na mzigo ni wao. Kuna watetezi wa Waviking wanaolipita jambo hili haraka, wakakimbilia ile hadithi ya Dudo, padri wa Ufaransa, kwamba Wadenmark walipoulizwa bwana wao ni nani walijibu hawana, wote wako sawa. Hadithi tamu, lakini Dudo aliandika karibu miaka mia baadaye na alijua kupamba. Mimi siitumii.

Ila sikubali kwamba utumwa unathibitisha kuwa hawakuwa na sheria. Naona kinyume chake, na ni kinyume kisichowapendeza. Mtu asiyejua sheria ni nini unaweza kumhurumia. Hawa waliijua vizuri: walijua kugawana hasara, kuokoa aliyekwama, kurudisha mali ya marehemu. Wakaamua nani aingie ndani ya mzunguko huo na nani abaki nje yake. Picha ya mshenzi mwenye pembe inawapunguzia lawama.

Swali lingine ni kama sheria hizi zilifuatwa. Mfano unaopendwa na wenye shaka ni Greenland. Erik Mwekundu, mkazi wa Iceland, alihukumiwa kufukuzwa nchini miaka mitatu, karibu na 982, akaitumia adhabu hiyo kuitafuta nchi ya magharibi. Kisha karibu na 985 akaongoza walowezi. Kumbukumbu za Iceland zinasema vyombo 25 viliondoka na 14 vikafika. Vingine vilirudishwa na pepo, vingine vikapotea. Kumi na vinne kati ya ishirini na vitano! Nimeirudia hesabu hii mara nyingi. Familia nzima, ng'ombe, kondoo, mbao za nyumba: ni nani aliyekuwa akipima ubavu siku ile? Labda hakuna. Labda kipimo kilizaliwa kutokana na siku kama zile, maana kanuni nyingi za bahari zina maiti nyuma yake. Siwezi kulithibitisha hilo, ila kwangu lina uzito kuliko dai kwamba hasara ile inaonyesha watu wasiojali.

Chombo kingine cha Roskilde, Skuldelev 5, nacho kinastahili kutazamwa. Ni cha vita, cha watu wapatao 30, na kiliundwa kwa sehemu na mbao zilizokwisha kutumika kwingine, kikatiwa viraka juu ya viraka. Wapo wataalamu wanaokiona kama chombo cha leidang, ule wajibu wa kila wilaya kumpa mfalme chombo na watu. Kama wako sahihi, basi wanakijiji walitimiza agizo kwa kiasi kidogo walichoweza. Agizo la juu walilitia viraka. Hii haimaanishi kwamba desturi ya wabia ilifuatwa zaidi, lakini mtu haweki viraka kwa urahisi hivyo pale mali yake mwenyewe inapokuwamo.

Bei nazo zilikuwa na kanuni. Huko Iceland wakubwa wa eneo walipanga bei ya bidhaa za meli kabla ya mtu kununua, na simulizi moja inamtaja nahodha Ørn aliyekataa kupangiwa na mkubwa mmoja, Tungu-Oddr, naye Oddr akapiga marufuku watu kufanya biashara naye. Hapo desturi ilikuwa rungu mkononi mwa mkubwa.

Kisa ninachokipenda zaidi ni kidogo sana. Mabaharia wa biashara hawakuwa na mpishi. Kila siku walipiga kura ya bahati kuona nani apike. Siku moja huko Norwei kura ilimwangukia Thorleif, Mwaislandi, lakini mwenzake wa nchi moja, Arnbjorn, alikuwa bado anakoroga uji wake kwenye chungu. Wanorwei wakaanza kumcheka Thorleif kwa uzembe. Akakasirika, akaumwaga uji wa Arnbjorn, akaondoka na chungu. Arnbjorn akampiga shingoni kwa mwiko uliojaa uji wa moto. Miaka mitatu baadaye, Thorleif alipokwenda kuposa, akaambiwa kwanza aponye lile jeraha la uji. Damu nyingi ilimwagika kutokana na neno lile.

Nilidhani ni kichekesho, hadi niliposoma Grágás inavyosema kuhusu mgeni anayefia Iceland akiwa hana ndugu pale. Mali yake inakwenda kwa mbia wake. Akikosekana mbia, inakwenda kwa yule aliyekuwa akila naye chungu kimoja. Nahodha anakuja wa tatu.