Matlai: jina la upande au jina la saa?

Upepo mwanana una majina kadhaa katika mwambao wetu, na lile linalopendwa zaidi na watunzi wa mashairi ni matlai. Kamusi hulipa maana mbili kwa mkupuo: upepo wa mashariki, tena upepo wa asubuhi. Wengi huzipokea zote mbili bila kuuliza zimekutanaje.

Asili yake haina ubishi. Ni Kiarabu, matla', yaani machomozo. Shina hilo ndilo lililotupa pia mtalaa na kutalii. Ubishi ni huu: machomozo kwa maana ya wakati, au mahali?

Wanaoshikilia wakati wana hoja nzito. Sura ya Al-Qadr inamalizikia kwa "matla'il-fajr", kuchomoza kwa alfajiri, na mtoto wa chuoni huihifadhi mapema sana. Sikio lililolelewa na aya hiyo, likisikia matlai, litakwenda wapi kama si alfajiri?

Lakini neno hili lina njia nyingine, ya baharini. Manahodha wa Kiarabu waliigawa dira sehemu 32 na kuziita kwa nyota: upande wa mashariki ni matla' ya nyota fulani, wa magharibi ni maghib yake, inapozama. Kwa nahodha aliyeshuka na kaskazi hadi Lamu, Mombasa au Unguja, neno hili lilikuwa upande kabla ya kuwa saa. Nasi tumezoea pepo zenye majina ya pande. Kusi na kaskazi ni mashahidi.

Mimi naegemea dira, na sababu yangu ni upepo wenyewe. Usiku nchi kavu hupoa upesi kuliko bahari, hivyo hadi asubuhi upepo hutoka bara kuelekea majini. Huo una jina lake, umande, na wavuvi wa Mrima hutweka tanga nao wakitoka. (Ndugu yake ni umande wa majani, ule anaosemwa kuukimbia mtu asiyesoma.) Upepo wa kutoka baharini huja jua likishaipasha nchi moto. Basi anayengoja matlai alfajiri pwani ya Bagamoyo, mara nyingi atapulizwa kisogoni na umande.

Mara nyingi, si daima. Kaskazi ikishika nguvu, kati ya Desemba na Machi, huweza kuuzima umande, na asubuhi ikapambazuka upepo ukitoka upande wa jua. Kwa hiyo asubuhi ina haki ya kubaki katika kamusi, ila ikae nafasi ya pili.

Nisichokikubali ni kulifasili matlai kuwa "upepo wa baharini", basi. Hilo lafaa Paje au Makunduchi, pwani ya mashariki ya Unguja. Mji Mkongwe umeikabili bahari ya magharibi, na upepo wa mashariki huingia mjini ukitokea shamba.