S82: msimbo unapojua kuliko daktari

Daktari ameandika kwenye faili: "Tibia na fibula zimevunjika katikati, mguu wa kulia. Afungwe hogo." Tibia ni mfupa wa muundi, fibula ni ule mwembamba ulio kando yake. Maneno hayo yanamtosha anayechanganya plasta, na pengine yanamtosha mgonjwa pia. Asiyetosheka ni mtu wa kumbukumbu, ambaye kazi yake ni kuyageuza kuwa herufi na tarakimu.

Kama anatumia ICD-10, orodha ya misimbo ya magonjwa na majeraha ya Shirika la Afya Duniani, kazi ni ya dakika moja. S82 ndiyo nyumba ya mifupa yote iliyovunjika kuanzia pia ya goti hadi kifundo cha mguu, na ina vyumba kumi. Katikati ya tibia ni S82.2, fibula iwe imevunjika pamoja nayo au la. Akipenda anaongeza 0 kwa mvunjiko usio na jeraha la wazi, au 1 kwa ule ambao ngozi imepasuka hadi kwenye mfupa. Amemaliza. Kulia au kushoto hakuulizwa.

Toleo la Marekani, ICD-10-CM, lililoanza kutumika huko tarehe 1 Oktoba 2015, halimwachii kirahisi hivyo. Mgonjwa yuleyule anapata misimbo miwili, S82.201A ya tibia na S82.401A ya fibula. Ile 1 kabla ya herufi ya mwisho ni mguu wa kulia. Herufi yenyewe huchaguliwa kati ya 16, na inabeba mambo mawili kwa pamoja: mvunjiko ni wa aina gani, na matibabu yamefika wapi. (Wengi hudhani A ni "ziara ya kwanza". Sivyo. A ni kwamba matibabu yenyewe bado yanaendelea, hata kama mgonjwa amekwisha kupita kwa madaktari watatu.)

Watetezi wa msimbo mrefu wana hoja ambayo siwezi kuipuuza. Tuseme miezi inapita na mfupa haujaunga. Katika ICD-10 ya kimataifa tatizo hilo linahamia M84.1, sura nyingine kabisa, ya magonjwa ya mifupa na misuli. Anayepekua takwimu baadaye ataona mfupa wa mguu usiounga, lakini hataona kama ni tibia, wala kama mwanzoni palikuwa na jeraha la wazi. Kwa Marekani, msimbo unabaki uleule na herufi ya mwisho tu ndiyo inayobadilika: S82.201K kwa mfupa usiounga uliokuwa umevunjika bila jeraha, M au N kwa ile iliyokuwa wazi. Kwa tibia hilo si jambo dogo. Upande wa mbele wa muundi hauna nyama, ni ngozi na mfupa, ndiyo maana mfupa huu hutoboa nje kwa urahisi, huingia vijidudu, na huchelewa kuunga. Ukitaka kujua ni wangapi kati ya waliovunjika kwa jeraha la wazi walibaki na mfupa usiounga, herufi hiyo moja ina thamani.

Ila ina thamani kama kuna mtu aliyeiandika akijua, na hapo ndipo ninapoanza kusita.

Rudi kwenye faili letu. Daktari hakusema kama kuna jeraha. Kanuni inasema: asiposema, andika kwamba hakuna. Angeongeza kwamba tibia imekatika kwa kukingama, bila kusema kama vipande vimeachana, kanuni ingeamuru viandikwe kuwa vimeachana, S82.221A. Angeandika "mvunjiko wa wazi" tu, bila kutaja daraja, ingewekwa B, herufi ya daraja la I na la II katika mpangilio wa Gustilo na Anderson, unaopanga majeraha ya wazi kuanzia I, jepesi, hadi III, baya. Yaani aliyenyamaza juu ya jeraha baya anahesabiwa pamoja na wenye majeraha mepesi. Ukimya unaingia kwenye mfumo ukiwa haujui kitu, unatoka upande wa pili ukiwa takwimu.

Na hata daktari akitaja daraja, bado. Mwaka 1994 ulichapishwa utafiti wa wapasuaji 245 walioombwa kuyapanga majeraha ya wazi ya tibia kwa madaraja hayohayo. Kwa wastani walikubaliana kwa asilimia 60. Msimbo hauna pa kuandika kwamba mpasuaji wa chumba cha pili angesema vingine.

ICD-10 ya kimataifa nayo si malaika: isipoelezwa kama mvunjiko ni wazi, nayo huuweka kwenye usio na jeraha. Lakini inadai machache, kwa hiyo inabahatisha machache. Mimi naona ni bora msimbo mfupi wenye pengo linaloonekana kuliko mrefu ambao mapengo yake yamepakwa rangi.

ICD-11, mrithi wa ICD-10 ya kimataifa, iliyoanza kutumika 1 Januari 2022, imejaribu njia ya tatu. Katikati ya tibia ni NC92.2; upande unaunganishwa kwa alama ya & ukijulikana, NC92.2&XK9K kwa kulia. Usipojulikana, hakuna kinachounganishwa. Napenda mpango huo, ingawa naona shida yake: hospitali moja itaunganisha vitu vinne, ya jirani haitaunganisha hata kimoja, na mtakwimu atapata safu za urefu tofauti kwa mguu wa aina moja. Lakini angalau safu fupi ataiona kuwa ni fupi. Kwenye S82.401A hana namna ya kujua kama ile A iliandikwa na mtu aliyeitazama ngozi, au na kanuni iliyojaza nafasi.