Mkopo wa nyumba: bei imejificha kwenye miaka

Jamaa yangu mmoja alinijia na taarifa ya mkopo wake wa nyumba akiwa na uhakika kwamba ameibiwa. Alikuwa amelipa miaka 5 bila kuruka hata mwezi mmoja. Pembeni mwa karatasi, kwa penseli, alikuwa amejumlisha kila rejesho alilopeleka. Chini yake, kwa chapa ya mkopeshaji, palikuwa na salio, na namba hizo mbili hazikupatana hata kidogo. Nikizirahisisha ili tuzitumie hapa: alikopa milioni 100 kwa riba ya asilimia 12 kwa mwaka, kwa miaka 20, riba ikihesabiwa juu ya salio. Alikwisha kulipa zaidi ya milioni 66. Salio lilisema bado anadaiwa milioni 91.7.

Hakuibiwa. Tulikaa tukapiga hesabu mwezi kwa mwezi, na kila senti ilikuwa mahali pake.

Nimeikumbuka karatasi ile kwa sababu ya ushauri unaozidi kuenea kuhusu mikopo ya nyumba. Unasema: chukua muda mrefu kuliko yote unayopewa, rejesho la mwezi liwe dogo, kisha pesa inayobaki mkononi iwekeze. Anayehangaika kumaliza deni mapema, kwa ushauri huo, ni mtu wa zamani, mwoga wa deni, asiyejua kwamba fedha ina thamani ya wakati. Ushauri huu una hoja za kweli na nitazipa nafasi yake. Lakini naona huyu mwenye haraka ya kumaliza anadharauliwa bure. Mara nyingi anajua jambo ambalo wanaomcheka hawajalipigia hesabu.

Tuanze na karatasi iitwayo jedwali la marejesho. Kila mkopo wa aina hii unalo, ingawa wakopaji wengi hawajawahi kuliomba. Mstari wa kwanza wa mkopo wetu unasomeka hivi: rejesho 1,101,086, riba 1,000,000, kilichopunguza deni 101,086. Asilimia 12 kwa mwaka ni asilimia 1 kwa mwezi, na asilimia 1 ya milioni 100 ni milioni moja. Mkopeshaji huchukua kwanza riba ya mwezi uliopita, na kinachobaki ndicho kinachogusa deni. Mwezi wa pili deni limepungua kidogo, riba nayo inapungua kidogo, na kinachogusa deni kinafika 102,097. Linakwenda hivyo kwa mwendo wa kobe. Mwezi wa 172, mwaka wa 15 tayari, ndipo kwa mara ya kwanza zaidi ya nusu ya rejesho inakwenda kwenye deni. Ukifika katikati ya safari, miaka 10 kamili, umelipa milioni 132 na bado unadaiwa milioni 76.7. Deni lenyewe linafika nusu kwenye rejesho la 180. Mwishoni kabisa umelipa milioni 264.

Watu wengi huishia kwenye hiyo milioni 264. Wanashtuka, wanasema nyumba moja imelipiwa mara mbili na nusu, kisha wanaendelea na mambo yao. Mimi naona namba yenye maana zaidi ni ile ndogo ya mstari wa pili, 102,097. Chukulia mwezi wa kwanza, pamoja na rejesho lako la kawaida, unaongeza 102,097 na kuagiza iingie kwenye deni. Umefanya nini? Umeruka mstari wa pili mzima. Deni lako sasa ni lile ambalo lingefikiwa mwezi mmoja baadaye, kwa hiyo mkopo utaisha mwezi mmoja mapema, na lile rejesho la mwisho la 1,101,086 hutalilipa kamwe. Laki moja na kidogo imefuta milioni moja na laki moja.

Sasa jaribu kufanya hivyo hivyo ikiwa imebaki miaka miwili. Kufuta mstari mmoja wakati huo kutakugharimu takriban 867,000, maana sehemu kubwa ya rejesho sasa ni deni na riba iliyobaki ni ndogo. Dawa ya deni ni kulipa, tunasema, lakini kwa mkopo wa nyumba dawa hiyo ina saa zake. Mwaka wa kwanza inafanya kazi mara nane kuliko mwaka wa 18. Na mwaka wa kwanza ndio ule ambao mkopaji yuko hoi: amemaliza akiba kwenye kianzio, analipa gharama za kuhama, na kila mtu anamwambia apumue kwanza. Miaka ambayo laki moja ina nguvu kuliko zote ndiyo miaka ambayo ni ngumu kuipata.

Hapo ndipo suala la muda linapokuja, na hapo ndipo ule ushauri unaponitia wasiwasi. Milioni 100 hizo hizo, kwa riba hiyo hiyo, ukilipa kwa miaka 15 rejesho ni 1,200,168 na jumla ni milioni 216. Kwa miaka 20 ni 1,101,086, jumla milioni 264. Kwa miaka 30 ni 1,028,613, jumla milioni 370. Linganisha hizo mbili za mwisho. Umeongeza miaka 10 ya kudaiwa, na nafuu uliyopata kila mwezi ni 72,473, haifiki asilimia 7 ya rejesho. Nafuu hiyo umeinunua kwa milioni 106, zaidi ya mkopo wote wa mwanzo. Na hata ukipewa miaka 100 nafuu haitaongezeka sana, kwa sababu riba ya mwezi wa kwanza peke yake ni milioni moja. Rejesho haliwezi kushuka chini ya hapo kama deni litapungua.

Ni haki kuuliza, basi, kwa nini watu wenye akili zao wanashauri muda mrefu. Jibu ni kwamba ushauri huo ulizaliwa kwenye riba ndogo, na huko ni ushauri mzuri. Kwa riba ya asilimia 4, kutoka miaka 20 kwenda 30 hupunguza rejesho kutoka takriban 606,000 hadi 477,000, zaidi ya moja ya tano, na jumla inaongezeka kwa milioni 26 tu. Huo ni msamaha wa kweli wa kila mwezi. Nchini Marekani, ambako riba hufungwa kwa miaka 30 yote, wastani wa riba hiyo ulishuka hadi asilimia 2.65 Januari 2021. Oktoba 2023 ulikuwa umefika asilimia 7.79. Aliyekopa mwanzoni mwa 2021 hana sababu ya kukimbilia kulipa. Anaweza kuweka pesa zake mahali penye usalama zikamletea zaidi ya riba anayotozwa. Mtu huyo akikuambia kulipa mapema ni hasara, anasema ukweli wake. Ila ukweli wake hausafiri kwenda kwa anayetozwa asilimia 12. Kwa huyu, kila shilingi inayopunguza deni ni sawa na uwekezaji unaotoa asilimia 12 kwa uhakika, na kuushinda anahitaji mahali panapotoa zaidi ya hapo baada ya kodi bila kuhatarisha chochote. Wakopeshaji wenyewe, wangekuwa na mahali hapo, wasingehangaika kumkopesha.

Hoja ya mfumuko wa bei ni nzito zaidi, na wanaotishwa na jumla huisahau. Milioni 264 za kulipwa katika miaka 20 si milioni 264 za leo. Bei zikipanda asilimia 5 kwa mwaka, rejesho la mwisho la 1,101,086 litakuwa na uwezo wa kununua vitu vya takriban 415,000 za leo. Nikiyarudisha marejesho yote 240 kwenye thamani ya leo kwa kipimo hicho, jumla inashuka hadi milioni 168 hivi. Kwa hiyo anayesema “nimelipia nyumba mara mbili na nusu” ametia chumvi, naye anapaswa kuambiwa hivyo. Lakini pima na ile mikopo mingine kwa kipimo hicho hicho: miaka 15 inakuwa kama milioni 153, miaka 30 kama milioni 194. Mfumuko umezisogeza namba zote chini, lakini mrefu bado ndio ghali.

Tena mfumuko humsaidia mdaiwa kwa masharti mawili: mshahara wake upande pamoja na bei, na riba yake isipande. Sharti la pili ndilo linalovunjika. Nje ya nchi chache, riba ya mkopo wa nyumba haifungwi kwa muda wote. Uingereza wengi huifunga kwa miaka 2 au 5, na kwingineko hupanda na kushuka na soko toka siku ya kwanza. Bei zikipanda, benki kuu hupandisha riba, na mkopeshaji naye hupandisha ya kwako. Rudi kwenye mkopo wetu. Miaka 3 imepita, salio ni milioni 95.6, na riba inatoka 12 kwenda 15. Ili umalize kwa muda ule ule, rejesho linaruka hadi karibu milioni 1.3. Ukisema utaendelea kulipa lile la zamani, tazama: riba ya mwezi huo ni takriban 1,195,000, na rejesho lako ni 1,101,086. Umelipa kwa wakati, kamili, na deni limeongezeka. Aliyekuwa amekata deni mapema anapigwa na pigo hilo hilo, ila juu ya salio dogo zaidi. Sioni faida hii ikitajwa vya kutosha.

Kuhusu kodi ya pango, wanaotetea mkopo wako sahihi kwamba mpangaji naye hulipa, na baada ya miaka 20 hana tofali. Riba lazima ipimwe dhidi ya kodi ambayo ungelipa. Ila hiyo ni hoja ya kununua au kupanga. Haisemi lolote kuhusu miaka 15 au 30.

Gharama nyingine nazipitia haraka: uthamini, mwanasheria, usajili wa rehani, bima ya nyumba na ya maisha ya mkopaji, matengenezo ambayo mpangaji angemwachia mwenye nyumba. Tahadhari moja tu. Ukiambiwa milioni 3 za mwanzo “tutaziingiza kwenye mkopo,” ujue kwa masharti yetu utazilipa karibu milioni 8.

Hoja iliyobaki ya upande wa pili ndiyo inayonigusa kuliko zote. Pesa iliyoingia kwenye kuta haitoki kwa urahisi. Mtu anaweza kulipa ziada miaka 4, akapoteza kazi, na mwezi unaofuata mkopeshaji hakumbuki ziada yoyote. Rejesho linadaiwa lile lile, na nyumba inaweza kunadiwa huku deni lake likiwa dogo kuliko la jirani yake. Huyo angekuwa na akiba ya miezi kadhaa mkononi angesalimika. Kwa hiyo sitamwambia mtu akaushe akaunti ili afute mistari. Akiba ya dharura kwanza. Na kwa sababu hiyo naona ni busara kusaini miaka 20 na kulipa kama mtu wa miaka 15: ziada ya laki moja kwa mwezi toka mwanzo inamaliza mkopo wetu ndani ya miaka 15, na mwezi mbaya ukija unarudi kwenye rejesho la mkataba bila kuomba ruhusa. Hii inadai nidhamu ambayo mkataba mfupi ungekulazimisha kuwa nayo, na wapo watakaoshindwa. Wanaojijua hivyo wasaini mfupi, kama kipato kinaruhusu.

Yote haya yanategemea vifungu viwili ambavyo viko ndani kabisa ya mkataba: kama kuna adhabu ya kulipa mapema, na ziada inaingizwa wapi. Jamaa yangu alikipata cha pili kwa njia ngumu. Mara ya kwanza alipoongeza pesa, mkopeshaji aliiweka kama malipo ya mbele ya mwezi unaofuata, ikakaa tu bila kugusa deni. Akaandika barua kwamba kila kinachozidi rejesho kipunguze deni la msingi, na kwamba rejesho libaki lile lile ili muda ndio upungue. Akapewa jedwali jipya.

Alianza mwaka wa 6, laki moja kila mwezi juu ya rejesho. Amechelewa, anajua; angeanza mwanzo angeokoa miaka 5, sasa ataokoa karibu miezi 35. Mwaka ulipoisha alinionyesha jedwali la zamani. Kwa penseli, kuanzia chini kwenda juu, alikuwa amekata karibu mistari 6.