Rudini kwenu, sawa, lakini kwenye shamba la nani?

Februari 2025, wiki chache tu baada ya waasi wa M23 kuingia Goma, mashariki ya Kongo, kampi za watu waliokimbia vita za Bulengo na Lushagala zikabomolewa, watu wakaambiwa haya rudini vijijini. Tangu hapo kila mtu huku anaongea habari ya shiti za kuezekea, mbegu na unga. Vyote vinahitajika, sikatai, ila swali la shamba wanalikwepa na ndilo litatuletea vita ingine.

Maana sheria ya ardhi ya 1973 inasema udongo ni wa serikali, halafu haki ya mkulima wa kijijini, yule ambaye babu yake alipewa na mwami, chifu mkuu wa kimila, ikaachwa ingojee ordonansi (amri) ya rais, watu wakangoja makumi ya miaka, wapi! Sasa bosi wa mjini mwenye cheti cha konsevateri, ofisa wa serikali anayeandikisha udongo, na pengine kule vijijini Masisi kwenyewe hajakanyaga, anamshinda mama aliyelima pale toka aolewe. Mume akifa ndio basi kabisa, shemeji anakuja eti mwanamke harithi udongo, na katiba ya 2006 imekataza huo ubaguzi wazi wazi.

Halafu unafika unakuta mtu kapanda maharagwe kwako. Anakwambia shefu wa kijiji ndiye alimpa, ametoa mbuzi, na yeye pia alikimbia kwao. Utamfukuza aende wapi? Hapo ndio watu wanaanza habari za kabila, nani mwenyeji nani mgeni, mimi nimechoka nazo. Wabelgiji walianza kuhamisha familia kutoka Rwanda kuja Masisi mwaka 1937, wajukuu wa hao wataitwa wageni mpaka lini?

Kwa maoni yangu, kabla ya kugawa hata gunia moja la mbegu, watu wakae pale pale shambani, majirani wa pande zote wawepo, na wamama wazee pia maana ndio wanajua mpaka ulipita wapi, iandikwe, wote waweke kidole. Aliyepanda avune kwanza ndio atoke. Tribinali, yaani korti, ni ya mwenye dola za kulipa avoka (wakili).

Na mafamu makubwa ya ng'ombe yasiachwe pembeni. Hekta na hekta za majani, na ng'ambo ya waya mtu analima bure siku kadhaa ili apewe kakona ka kupanda viazi. Wenye mafamu nao waitwe, waulizwe cheti walikipata mwaka gani na nani alikuwa anaishi pale.